Retenue locative: serikali inaweza kumdai mpangaji nini, na inaishia wapi

Retenue locative ni sehemu ya pango ambayo mpangaji anaikata kabla ya kumlipa mwenye nyumba, kisha anaipeleka serikalini kwa niaba yake. Kodi yenyewe inaitwa IRL, kodi ya mapato ya pango, na anayetozwa ni mwenye nyumba. Mpangaji ni mkusanyaji tu. Mjini Lubumbashi, Kongo (RDC), kuanzia mitaa ya Golf hadi Katuba, ugomvi mwingi unatokana na kudhani kwamba kodi hii inaongezwa juu ya pango. Haiongezwi, inatoka ndani yake.

Sheria ya kitaifa ya 1969 kuhusu kodi za mapato ndiyo msingi, na kiwango kilichozoeleka ni asilimia 22. Mpangaji anakata 20, mbili zinazobaki mwenye nyumba anazilipa mwenyewe anapotangaza mapato yake ya mwaka. Pango likiwa dola 300 kwa mwezi, mwenye nyumba anapokea 240, na 60 zinaingia benki, kwenye akaunti ya jimbo. Kwa mwaka mpangaji amepeleka 720, mwenye nyumba anabaki na deni la 72. Jimbo linaweza kubadilisha kiwango, kwa hiyo soma kilichoandikwa kwenye fomu ya mwaka husika kabla ya kukata. Malipo yanatakiwa ndani ya siku 10 za mwezi unaofuata. Mpe mwenye nyumba kopi ya risiti ya benki; bila hiyo atashindwa kuonyesha kwamba zile 20 zimeshalipwa.

Mpaka wa kwanza ni sheria. Kifungu cha 174 cha Katiba kinasema hakuna kodi isiyowekwa na sheria, na cha 204 kinaikabidhi IRL kwa majimbo. Ndiyo maana katika jimbo la Haut-Katanga, ambako Lubumbashi ipo, kodi hii inakusanywa na DRHKAT, ofisi ya mapato ya jimbo, si na chifu wa mtaa wala na mtu mwenye daftari mlangoni. Ajenti wa ukaguzi lazima awe na ordre de mission, yaani barua rasmi ya kumtuma kazini, yenye jina lake. Akitaka noti mkononi, usimpe: pesa ya kodi inapita benki.

Mpaka wa pili ni kiasi. Kinachokatwa ni asilimia ya pango lililolipwa kweli. Garanti ni amana, na kwa nyumba ya kuishi sheria ya 31 Desemba 2015 inaizuia isizidi miezi mitatu. Inageuka pango siku mnapokubaliana ilipe miezi ya mwisho. Zile asilimia mbili na kodi ya ardhi ni za mwenye nyumba.

Lakini ukimlipa mwenye nyumba dola zote 300, deni la 60 linabaki kwako, pamoja na faini ya kuchelewa. Kumwambia ajenti kwamba mwenye nyumba alikataa kukatwa hakukuokoi. Mkataba unaosema "pango halisi, kodi juu ya mpangaji" unawahusu ninyi wawili, ofisi ya kodi hauifungi. Basi andikeni kwenye mkataba pango kamili kabla ya makato, na nani anapeleka sehemu ya serikali. Mstari mmoja unatosha.

Kuna njia moja ambayo deni la mwenye nyumba linaweza kukufikia: barua ya avis à tiers détenteur. Asipolipa kodi zake, ofisi ya kodi inaweza kukuamuru pango unalodaiwa ulipeleke kwenye ofisi hiyo badala ya kumlipa yeye. Kikomo ni kile unachodaiwa wewe. Ukiwa na deni la mwezi mmoja la dola 300, haiwezi kukutoza 2,000 kwa sababu yeye anadaiwa 2,000. Tunza barua na risiti, maana mwenye nyumba atakuja kuuliza pango lake, na malipo hayo ndiyo kinga yako.

Muda nao una mwisho. Sheria ya taratibu za kodi, namba 004/2003, inairuhusu ofisi kusahihisha hesabu hadi mwisho wa mwaka wa nne baada ya ule wa kodi: ya 2019 iliishia 31 Desemba 2023. Risiti zitunze muda huo wote, hata ukihama. Ukiona hesabu si sahihi, peleka malalamiko kwa maandishi, na ubaki na kopi yenye muhuri wa kupokelewa.

Kumtoa mtu kwenye nyumba ya kuishi si kazi ya ajenti wa kodi. Ugomvi wa mkataba unaanzia huduma ya habitat, ofisi ya serikali ya mambo ya makazi, kisha unafika kwa hakimu.