Je, wajua kwa nini mbwa anatokea katikati ya mazungumzo kwenye filamu ya El Mariachi?

Kwa miaka mingi niliamini kwamba mwongozaji wake, Robert Rodriguez, aliihariri El Mariachi kwa kasi ile ili kumwendesha mtazamaji mbio. Niliwahi hata kumweleza rafiki yangu kwamba lazima walitumia kamera tatu au nne, maana mtu anaanza kusema, mara unaonyeshwa mbwa, mara uso wa mwingine, kisha unarudishwa kwa msemaji akiwa ameonekana kwa upande tofauti. Nilikosea yote mawili. Kamera ilikuwa moja, tena ya kuazima, na kasi ile ilizaliwa na tatizo la sauti. Wanaoiga leo mikato hiyo, yaani kuruka ghafla kutoka picha moja hadi nyingine, wakidhani ni mbwembwe wanapitwa na jambo lenyewe, kwamba Rodriguez alikuwa anaziba nyufa.

Alizaliwa San Antonio, Texas, mwaka 1968. Akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu alijitolea kujaribiwa dawa ya kupunguza kolesteroli, akalipwa dola 3,000, na humo humo kwenye kituo cha majaribio akaandika hadithi ya mpiga gitaa anayedhaniwa kuwa muuaji. Yeye na rafiki yake Carlos Gallardo waliipiga picha mwaka 1991 huko Ciudad Acuña, Meksiko, kwa siku 14 hivi. Gharama yote ilikuwa takriban dola 7,000.

Kamera yao ya milimita 16 ilikuwa na kelele, na haikuwa na namna ya kwenda sambamba na kinasa sauti. Kwa hiyo tukio lilipigwa bila sauti. Kisha kamera ikawekwa chini, maikrofoni ikasogezwa karibu na mdomo, na mwigizaji akarudia maneno yale yale papo hapo.

Fikiria mama anayetwanga. Umempiga picha bila sauti, kisha unamwomba atwange tena vile vile ili unase mlio. Ukiunganisha picha ya kwanza na mlio wa pili, mapigo matatu manne ya mwanzo yatakaa sawa, kwa kuwa mkono bado unaukumbuka mwendo. Kufika pigo la kumi, mchi uko hewani na mlio umeshasikika. Maneno nayo ni hivyo. Sentensi inaanza vizuri, halafu midomo na sauti vinaanza kuachana.

Sasa, jicho haliwezi kugundua kosa hilo kama halioni mdomo. Mfunike yule mama kwa pazia na hakuna atakayejua mchi uko juu au chini. Pazia la Rodriguez lilikuwa mbwa, au uso wa anayesikiliza. Kila sauti ilipoanza kuteleza aliondoka kwenye mdomo, akaiacha sauti iendelee, kisha akarudi kwa msemaji mahali ambapo maneno na midomo vimekutana tena. Mpigo mmoja, pazia, mpigo mwingine. Mhariri anayefanya hivyo filamu nzima hawezi kutoa filamu ya polepole!

Haya ni maelezo ya Rodriguez mwenyewe, na hayafuniki kila mkato. Kwenye mapigano hakuna midomo ya kufuata; pale alikuwa akifanya kamera moja ionekane kama nyingi. Tena nakala iliyofika kwenye majumba ya sinema mwaka 1993, baada ya kushinda tuzo ya watazamaji kwenye tamasha la filamu la Sundance, haikuwa ya dola 7,000 tena. Kampuni ya filamu ya Columbia ilitumia takriban dola 200,000 kuihamishia kwenye mkanda wa milimita 35 na kuchanganya sauti upya. Lakini sauti ikisafishwa vipi, mbwa hakuondolewa, kwa kuwa nyuma yake hakukuwa na picha nyingine ya midomo inayoendana na sauti.

Mwaka 1995 Rodriguez alitoa filamu ya Desperado kwa dola milioni 7 hivi, safari hii akiwa na vifaa vya kunasa sauti pamoja na picha. Mikato bado ni ya haraka.