Baada ya ukoloni, baada ya uhuru

Hapa Tanga, vijana wa kidato cha sita na wa vyuo wanapokutana kujadili vitabu, "fasihi ya baada ya ukoloni" haikosi kutajwa, na karibu kila mara hutajwa kwa maana isiyo yake. Mtu husimama akasema: hivi ni vitabu vilivyoandikwa baada ya mwaka 1961. Waliokaa huitikia, na mjadala ukaendelea juu ya msingi huo. Nimelisikia mara nyingi mno kuendelea kulinyamazia.

Maana yenyewe ni fupi. Ni riwaya, tamthilia na mashairi ya watu ambao nchi zao zilitawaliwa na wakoloni, yanayoukabili utawala ule na vyote ulivyoacha: mipaka, shule, dini, lugha, aibu, tamaa. Yakiandikwa kwa Kiingereza, kwa kawaida yametoka kwa watu waliotawaliwa na Uingereza, tangu Nigeria na Kenya hadi India na visiwa vya Karibiani. Mwingereza aliyezuru makoloni akarudi kwao kuandika riwaya juu ya "wenyeji" hamo humu. Hiyo ni fasihi ya kikoloni, na mara nyingi ndiyo inayojibiwa.

Kinachowakwaza watu ni hilo neno "baada".

Chukueni Things Fall Apart ya Chinua Achebe, ambayo wengi tuliisoma kwanza kwa jina la Shujaa Okonkwo katika tafsiri ya Clement Ndulute. Hakuna riwaya inayotajwa mbele yake ikizungumzwa fasihi hii. Ilitoka mwaka 1958, na Nigeria ilipata uhuru mwaka 1960. Au Kanthapura ya Raja Rao wa India, kisa cha kijiji kinachoingia katika harakati za Gandhi, kilichosimuliwa kwa Kiingereza alichokipinda makusudi kifuate mwendo wa masimulizi ya kikwao. Ilichapishwa 1938, miaka tisa kabla India haijajitawala. Ukishika kalenda, riwaya zote mbili unazitoa nje, na fasili inayomtoa nje Achebe haiwezi kuwa sahihi.

Mkanganyiko huu haukuanza na vijana wetu. Neno lilikuwa la wanahistoria na wachambuzi wa siasa kabla halijawa la wahakiki. Katika miaka ya 1970 wasomi walijadili "dola la baada ya ukoloni", wakikusudia serikali zilizoshika madaraka bendera ya mkoloni iliposhushwa. John Saul, aliyewahi kufundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliandika makala mwaka 1974 kuhusu dola hilo, na mfano wake ulikuwa Tanzania yenyewe. Katika mijadala ile "baada" ilikuwa ya kalenda kweli. Wakati huo vitabu tunavyovizungumzia vilikuwa vikiitwa "fasihi ya Jumuiya ya Madola", jina ambalo mwandishi Salman Rushdie alilipinga waziwazi mwaka 1983. Wahakiki wakatafuta jina jingine, wakalichukua hili la wachambuzi wa siasa, na katika kulichukua wakalipanua. Mwaka 1989 Bill Ashcroft, Gareth Griffiths na Helen Tiffin walichapisha The Empire Writes Back, wakaeleza kwamba wanalitumia kwa utamaduni wote ulioguswa na ukoloni, tangu siku ulipoingia hadi leo. Kwa hiyo tunahesabu tangu mkoloni alipofika, hatungoji aondoke. Ama Ata Aidoo wa Ghana hata hivyo alilikataa neno, kwa kuwa hakuona mahali ambapo ukoloni umekwisha. Pingamizi lake ni zito na linastahili mjadala wake peke yake.

Sisi wa Tanga tuna sababu ya kulishika jambo hili kuliko wengi. Wajerumani walipoiteka pwani yetu, Hemedi bin Abdallah el-Buhriy, mshairi wa huku huku, alitunga Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima. Ni utenzi wa mwaka 1307 wa Hijria, yaani 1889 au 1890, siku zilezile za vita vya Abushiri, aliyenyongwa Pangani Desemba 1889. Uhuru ulikuwa mbali kwa miaka sabini na zaidi, na tayari mtu wa Mrima alikuwa ameshika kalamu kumkabili mtawala aliyekuwa ndiyo kwanza anaingia. Kwa maana niliyoieleza, utenzi ule umo, isipokuwa katika tawi moja tu: la Kiingereza.

Tawi hilo ndilo linalochukuliwa kuwa mti mzima, na hapa ndipo ninapoumia. Juni 1962 waandishi wa Afrika wanaoandika kwa Kiingereza walikutana Makerere. Ngũgĩ wa Thiong'o, wakati huo bado mwanafunzi, aliingia kwa hadithi fupi chache za Kiingereza. Shaaban Robert, mwenye diwani na vitabu vya nathari vilivyokwisha kusomwa Afrika Mashariki nzima, hakustahili kwa masharti ya mkutano, kwa sababu aliandika kwa Kiswahili. Mwezi huohuo alifariki hapa Tanga, akazikwa Machui. Ngũgĩ mwenyewe ndiye aliyelieleza jambo hili katika Decolonising the Mind ya mwaka 1986, na ninamheshimu kwa hilo.

Silikatai tawi la Kiingereza. Abdulrazak Gurnah wa Zanzibar, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 2021, aliandika Paradise kwa Kiingereza, na ndani yake mna msafara unaotoka pwani kwenda bara ambao mtu wa Bagamoyo atautambua mara moja. Tangu Ida Hadjivayanis aitafsiri, tunaisoma kama Peponi. Ebrahim Hussein alitoa Kinjeketile kwa Kiswahili mwaka 1969, kisha akaitia mwenyewe katika Kiingereza. Wimbo wa Lawino, unaosomwa madarasani kama ushairi wa Kiingereza, Okot p'Bitek aliutunga kwanza kwa Kiacholi. Kazi hizi huvuka lugha, zinakwenda na kurudi.

Basi ukikusudia vitabu vya tangu 1961, vya lugha yoyote na mada yoyote, sema "fasihi ya Tanzania baada ya uhuru". Ni jina zuri, lina tarehe yake, na hakuna atakayekusahihisha. Ukikusudia Achebe, Gurnah na mshairi Derek Walcott wa Karibiani, sema "fasihi ya baada ya ukoloni ya Kiingereza", usilidondoshe hilo neno la mwisho hata kama sentensi inarefuka. Na mtu akikuuliza Kusadikika ya Shaaban Robert aiweke wapi, kitabu kilichotoka mwaka 1951, chini ya Waingereza, ambamo Karama anashtakiwa kwa kutaka kuanzisha elimu ya sheria, mwambie kwa upole kwamba ni cha kabla ya uhuru, na kimo ndani ya fasihi ya baada ya ukoloni.