Gharama halisi ya mkopo wa nyumba: jinsi milioni 60 zinavyogeuka milioni 211

Gharama halisi ya mkopo wa nyumba ni jumla ya fedha zote zitakazokutoka mfukoni kuanzia siku unapopeleka maombi benki hadi siku hati inaporudi mikononi mwako ikiwa haina tena jina la benki. Ndani yake mna deni lenyewe, riba, ada, bima, na malipo ya mthamini na wakili. Kiwango cha riba kilichoandikwa kwenye tangazo hakikuambii jumla hiyo, na rejesho la mwezi halikuambii pia. Lakini mezani kwa afisa mikopo mazungumzo karibu yote huzunguka hapo: riba asilimia ngapi, na kila mwezi utakatwa kiasi gani.

Tuchukue nyumba ya shilingi milioni 75 pembezoni mwa Dar es Salaam. Wewe una milioni 15, benki inakukopesha milioni 60 kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, muda miaka 20. Hiyo si riba ya kutisha kwa Tanzania. Mikopo ya nyumba hapa imekuwa ikicheza kwenye viwango vya namna hiyo kwa miaka mingi. Rejesho la mwezi linatoka shilingi 880,080. Zidisha kwa miezi 240 upate shilingi milioni 211 na ushee. Kwa hiyo ndani ya fedha utakazolipa, milioni 60 ni deni na milioni 151 ni riba tupu.

Watu wengi wakiliona hesabu hili kwa mara ya kwanza hudhani wameibiwa. Hakuna aliyeibiwa, ila kuna jambo hawakuelezwa. Riba ya mwezi hukokotolewa juu ya salio la deni lililobaki. Asilimia 17 ya milioni 60 ni milioni 10.2 kwa mwaka, na ukigawa kwa 12 unapata 850,000. Basi katika rejesho lako la kwanza la 880,080, shilingi 850,000 ni riba. Zinazopunguza deni ni 30,080 tu. Mwezi wa pili riba inashuka kidogo kwa sababu salio limeshuka kidogo, na sehemu inayopunguza deni inapanda hadi 30,506. Mwendo ni huohuo, wa kinyonga, kwa miaka mingi. Rejesho la mwisho kabisa, la mwezi wa 240, mambo yamepinduka: riba ndani yake ni kama elfu 12 tu, zilizobaki zote ni deni.

Matokeo yake ni haya. Baada ya miaka 5 umelipa karibu milioni 52.8, na bado unadaiwa milioni 57.2. Baada ya miaka 10 umelipa milioni 105.6, na salio linasoma milioni 50.6. Nusu ya deni, yaani milioni 30, unaifikia baada ya miaka 16. Ukipunguzwa kazi mwaka wa sita, au ukahamishiwa Mwanza na kuamua kuuza, benki itakudai karibu kile kile ulichokopa. Wauzaji wa nyumba hupenda kukwambia kwamba kila mwezi unajijengea umiliki. Kwa riba hizi, miaka ya mwanzo unachojenga ni kidogo mno.

Hapa ndipo ushauri wa video za Marekani unapowapotosha watu wa huku. Mtu aliyekopa kule mwaka 2021 kwa asilimia 3, muda miaka 30, zaidi ya theluthi ya rejesho lake la kwanza kabisa ilikwenda kupunguza deni. Kwenye lako ni kama shilingi 3 tu katika kila 100. Jina ni moja, mkopo wa nyumba, lakini mwenendo wake ni tofauti kabisa, kwa hiyo kanuni zake za busara haziwezi kuwa zilezile.

Sasa tuje kwenye muda wa mkopo, ambao kwa maoni yangu ndio unaowagharimu watu kuliko kitu kingine, kwa sababu unaonekana kama huruma. Rejesho limekuzidi? Afisa anakwambia, tuongeze miaka. Kutoka 20 hadi 25, rejesho linashuka kutoka 880,080 hadi 862,678. Umeokoa shilingi 17,400 kwa mwezi. Jumla ya malipo, hata hivyo, imepanda kutoka milioni 211 hadi karibu milioni 259. Unafuu wa 17,400 umekugharimu zaidi ya milioni 47. Geuza upande wa pili: ukikubali miaka 15, rejesho ni kama 923,400, yaani nyongeza ya 43,300 tu kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 166. Umeokoa milioni 45. Swali la afisa, "Unaweza kulipa kiasi gani kwa mwezi?", ni halali, lakini likiulizwa peke yake huzaa mkopo mrefu kuliko ulivyohitajika.

Kwa sababu hiyohiyo, malipo ya ziada yana nguvu kuliko watu wanavyofikiri. Ukiongeza laki moja kila mwezi kwenye ule mkopo wa miaka 20, na benki ikaikata moja kwa moja kwenye deni la msingi, unamaliza ndani ya miaka 12. Jumla uliyolipa inakuwa milioni 140.7 hivi, na umeokoa takriban milioni 70. Maneno ya kuangalia ni yale "moja kwa moja kwenye deni la msingi". Zipo benki zinazoipokea ile ziada na kuihesabu kuwa ni malipo ya awali ya rejesho la mwezi ujao, na hapo hujaokoa kitu. Ipo pia ada ya kulipa kabla ya muda. Uliza yote mawili kabla ya kusaini, na majibu yawe yameandikwa ndani ya mkataba.

Kuna ujanja mwingine wa maneno unaoonekana zaidi kwenye mikopo midogo ya kumalizia nyumba au kuezeka. Unaambiwa riba ni asilimia 10 tu. Kumbe hiyo 10 inapigwa juu ya mkopo wote wa mwanzo kila mwaka, hata baada ya wewe kurudisha sehemu kubwa. Kwa mkopo wa miaka 5, asilimia 10 ya namna hiyo ni sawa na zaidi ya asilimia 17 ikikokotolewa juu ya salio linalopungua. Mikopo miwili yenye asilimia zilizohesabiwa kwa njia tofauti hailinganishwi kwa asilimia. Linganisha jumla ya shilingi.

Hesabu zote hizo zimechukulia kwamba riba haitabadilika, na mikataba mingi ya muda mrefu inairuhusu ibadilike. Wakenya waliokuwa na mikopo ya nyumba mwaka 2011 wanajua maana yake. Benki Kuu ya Kenya ilipandisha riba yake elekezi kutoka asilimia 7 mwezi Septemba hadi 18 mwezi Desemba, na mikopo ya nyumba ikapanda nyuma yake. Kwenye mfano wetu, riba ikipanda mapema kutoka 17 hadi 19, riba ya mwezi peke yake inakuwa 950,000 kwa salio la milioni 60. Ukiendelea kulipa 880,080 hupunguzi deni hata kidogo, linakua. Basi benki ama inapandisha rejesho hadi kama 972,000, ama inarefusha miaka, na kuhusu kurefusha miaka tumeshaona.

Ada zinaonekana ndogo zikisimama peke yake. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu, kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto. Nchini Kenya ushuru wa stempu kwenye uhamisho wa nyumba ya mjini ni asilimia 4 ya thamani, fedha ya kutoa papo kwa papo. Ikiwa bima zote kwa pamoja ni 40,000 kwa mwezi, kwa miaka 20 ni milioni 9.6. Na ukiwa huna fedha za ada, ukaambiwa "usijali, tutaziingiza kwenye mkopo", fahamu kwamba ada za milioni 2 zikiingia kwenye mkopo huu zitatoka zikiwa milioni 7. Kodi ya jengo, ile inayokatwa Tanzania kwenye LUKU (umeme wa kulipia kabla) tangu 2021, siihesabu hapa. Ungeilipa hata kama nyumba ungejenga kwa fedha taslimu.

Hadi hapa nimejumlisha shilingi ya mwaka huu na shilingi ya miaka 20 ijayo kana kwamba ni kitu kimoja, na si kitu kimoja. Wanaolaani mikopo ya nyumba huwa hawapendi kufika kwenye sehemu hii. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 4 kwa mwaka, ile 880,080 ya mwisho itanunua vitu ambavyo leo vinanunuliwa kwa laki nne hivi. Ukizirudisha milioni 211 zote kwenye thamani ya leo, zinakuwa kama milioni 145. Bado ni zaidi ya mara mbili ya deni, lakini si mara tatu na nusu. Na mshahara ukipanda kufuata bei, rejesho lililokubana mwaka wa kwanza linalegea kadiri miaka inavyokwenda. Kodi ya pango, kwa upande wake, mwenye nyumba huipandisha.

Kwa hiyo ulinganisho wa haki si kati ya kukopa na kutokopa, ni kati ya kukopa na kile ambacho ungefanya badala yake. Wengi wetu tunachofanya ni kununua kiwanja na kujenga kidogo kidogo: msingi mwaka huu, tofali mwaka kesho, bati ikipatikana. Hakuna riba humo, lakini gharama ipo. Ukikaa miaka 8 unajenga huku unalipa kodi ya pango ya laki tatu kwa mwezi, hiyo ni milioni 28.8, bila kutaja saruji inayopanda bei na nondo zinazoshika kutu. Hata hivyo milioni 28.8 ni mbali sana na milioni 151, na ndiyo maana nadhani ujenzi wa polepole utaendelea kutawala muda wote riba zitakapobaki hapa.

Kwa nini riba ziko hapa ni habari ndefu. Kwa ufupi, amana za wateja benki ni za muda mfupi, nyumba inahitaji fedha za miaka 20, na Serikali yenyewe inakopa kwa hati fungani za miaka 20 na 25, kwa hiyo benki haioni sababu ya kukukopesha wewe kwa bei nafuu kuliko inavyoikopesha Serikali. Kampuni ya TMRC iliyoanzishwa Tanzania mwaka 2010, na KMRC ya Kenya iliyoundwa 2018, kazi yao ni kuzipatia benki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hii. Kwa Mkenya, mkopo unaopitia KMRC unafaa kuulizwa kwanza kabla ya mwingine wowote, maana umekuwa ukipatikana kwa riba ya chini ya asilimia 10. Kenya pia inaruhusu riba ya mkopo wa nyumba ya kuishi mwenyewe, hadi shilingi 360,000 za Kenya kwa mwaka, itolewe kwenye kipato kabla ya kukata kodi.

Ipo sheria ya Kenya inayoeleweka vibaya. Tangu Mei 2007, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinaizuia benki kudai riba inayozidi deni la msingi lililokuwepo. Watu husikia hivyo wakadhani hakuna mkopo unaoweza kuzidi mara mbili. Kifungu hicho kinahusu mkopo ulioshindwa kulipika, na hesabu huanza siku ulipoharibika. Anayelipa vizuri kila mwezi kwa miaka 20 anaweza kulipa mara tatu na nusu bila sheria kuguswa.

Wanaokwepa riba kwa sababu ya dini, na Pwani na Zanzibar wako wengi, hutumia murabaha: benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu zaidi, unalipa kwa awamu. Faida ya wazi ni kwamba bei inajulikana siku ya kwanza na haipandi hata Benki Kuu ifanye nini. Lakini na hiyo ipimwe kwa jumla ya shilingi kama mkopo mwingine. Uliza pia kama ukilipa mapema utapunguziwa, kwa kuwa bei ilishakubaliwa yote.

Karatasi ya kudai ni moja: jedwali la marejesho, mwezi kwa mwezi, lenye safu ya riba, ya deni la msingi na ya salio. Benki inalo kwenye kompyuta. Ukipewa, tazama salio la mwezi wa 60 kabla ya kutazama kitu kingine, kisha jumla iliyo chini kabisa. Na mkopo ukiisha, bado kuna hatua ya mwisho ambayo watu huisahau: benki itoe hati ya kuondoa rehani, nawe uipeleke kwa Msajili wa Hati, ulipie, isajiliwe. Mpaka hapo ifanyike, daftari la Msajili bado linaonyesha nyumba imewekwa rehani, hata kama salio ni sifuri.