Iacheni AES ilivyo, tazameni mnavyobadilishana funguo

Nimechoka kusikia kwamba kompyuta ya kwanta itavunja usimbaji wote, eti tutafute mbadala wa AES, usimbaji ambao pande zote mbili hutumia ufunguo mmoja wa siri. Sivyo. Zinazoanguka ni RSA, Diffie-Hellman na ECC, mbinu za ufunguo wa umma za kubadilishana funguo na kutia sahihi. Algoriti ya kwanta ya Shor ya 1994 inazimaliza zote.

AES inaguswa tu na algoriti ya Grover (1996), inayoharakisha kubahatisha ufunguo, na hapo ndipo watu wanapopotoka. Wakisikia "biti hupungua nusu", wanaichukulia AES-128 kama ufunguo wa kawaida wa biti 64. Grover huhitaji hatua zipatazo 2^64, ndiyo, lakini lazima zifuatane. Mashine 10,000 zikigawana kazi, kasi huongezeka mara 100 tu, maana faida yake hufuata kipeuo cha pili. Tena kila hatua ni AES nzima ndani ya saketi ya kwanta inayosahihisha makosa muda wote. Bado una hofu? Weka AES-256, basi.

Kazi ya haraka ni kubadilishana funguo, kwa kuwa mawasiliano ya leo yanaweza kurekodiwa na kufunguliwa baadaye. Sahihi za TLS (itifaki inayolinda miunganisho ya wavuti) zinaweza kusubiri kidogo: huwezi kughushi muunganisho uliokwisha. Tumia mseto wa X25519 (Diffie-Hellman ya aina ya ECC) na ML-KEM-768, mbinu mpya iliyobuniwa kuhimili kwanta (FIPS 203, kiwango cha NIST, shirika la viwango la Marekani, Agosti 2024), siri zote mbili ziingie kwenye KDF, kanuni inayozalisha ufunguo wa mwisho.

Ufunguo wa umma wa ML-KEM-768 ni baiti 1,184, dhidi ya 32 za X25519. Kwa hiyo ujumbe wa kwanza wa TLS kwa kawaida hautoshi tena kwenye paketi moja, na baadhi ya vifaa vya katikati vinavyosoma paketi ya kwanza pekee hukata muunganisho. Kabla ya kulaumu maktaba ya programu, kagua hilo.

Kwenye msimbo wa ML-KEM, usigawanye thamani ya siri kwa 3329 (moduli ya hesabu zake) kwa amri ya kugawanya: kwenye prosesa nyingi muda wake hutegemea namba, na siri huvuja. Shifra (data iliyosimbwa) uliyopokea ikiwa mbovu, usirudishe kosa. Rudisha ufunguo bandia unaoonekana wa nasibu.

Je, latisi, hesabu ambazo ML-KEM inazitegemea, zitadumu? Sijui, wala hakuna aliyethibitisha. SIKE, mbinu nyingine ya kuhimili kwanta, ilikuwa bado kwenye mchujo wa NIST mwaka 2022 watafiti Castryck na Decru walipoivunja kwa kiini kimoja cha prosesa ya kawaida, kwa takriban saa moja. Ndiyo maana X25519 ibaki. Inakugharimu baiti 32 tu kila upande.