Kwa nini miteremko ya mistari inayokatana kwa pembe mraba huzaa hasi moja?

Je, wajua kwamba watu wawili wanaweza kupima umbali kutoka kona ileile ya nyumba hadi ufuko uleule wa Ziwa Victoria, kwa tepu moja isiyo na kasoro, mmoja akapata mita 62.5 na mwingine mita 50, na wote wawili wakawa wamesoma namba sahihi? Kwa anayejenga kando ya maji, iwe Kamanga, Igombe au Luchelele, tofauti hiyo si mchezo wa darasani. Kifungu cha 57 cha Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 kinaweka ukanda wa mita 60 kutoka ukingo wa ziwa, ambao ndani yake haziruhusiwi shughuli za kudumu au zinazoweza kuharibu mazingira ya ukingo huo. Kwa kipimo cha kwanza nyumba imesalimika, na kwa cha pili imo ndani ya ukanda kwa mita 10 nzima. Ili kujua ni kipimo kipi cha kuaminiwa, inatupasa kuielewa kanuni moja ya aljebra ambayo wengi wetu tuliikariri bila kuambiwa ilikotoka: mistari miwili ikikatana kwa pembe mraba, miteremko yake ikizidishwa hutoa −1.

Tubuni kiwanja upande wa Kamanga, ng'ambo ya jiji la Mwanza, ambako ziwa liko mashariki. Tukichore kwenye karatasi ya miraba, mhimili wa x ukielekea mashariki na wa y ukielekea kaskazini, kila kizio kikiwa mita moja. Ufuko, kwa kipande hicho kifupi, umenyooka kiasi cha kuhesabiwa kuwa mstari: unaanzia kwenye jiwe tulilolipa majira (0, 0) na kupita kwenye jiwe jingine lenye majira (80, 60). Maji yako kusini-mashariki mwa mstari huo, na nchi kavu kaskazini-magharibi. Kona ya nyumba iliyo karibu zaidi na maji iko kwenye (50, 100).

Mteremko wa mstari ni jibu la swali moja tu: ukienda kulia kwa kiasi fulani, unapanda kiasi gani? Aliyewahi kupanda ngazi zilizopenyezwa kati ya mawe ya vilima vya Mabatini, jijini Mwanza, analijua jibu hilo kwa magoti yake, kwa kuwa ngazi yenye kimo kikubwa na kikanyagio kifupi huchosha kuliko ile yenye kimo kidogo na kikanyagio kirefu. Tunagawanya kupanda kwa kwenda. Ufuko wetu unakwenda mita 80 na kupanda mita 60, kwa hiyo mteremko wake ni 60/80, yaani 3/4. Hapa ieleweke kwamba “kupanda” katika ramani ni kusogea kaskazini, si kuparamia kilima. Ieleweke pia kwamba neno lenyewe lina kaupotoshaji kidogo, kwani mtaani mteremko ni kushuka, ilhali katika hisabati mstari unaopanda kuelekea kulia ndio wenye mteremko chanya, na unaoshuka ndio wenye mteremko hasi.

Mistari sambamba haina fumbo kubwa. Mstari wenye mteremko m unaokata mhimili wa y kwenye c huandikwa y = mx + c, na mwenzake wenye mteremko n unaokata kwenye d huandikwa y = nx + d. Mahali inapokutana, y zake ni sawa, na ukitatua unapata x = (d − c) / (m − n). Miteremko ikiwa sawa, chini ya mstari wa kugawanyia inabaki sifuri, na kwa kuwa hakuna kugawanya kwa sifuri, hakuna mahali pa kukutania, isipokuwa kama c na d nazo ni sawa na hiyo mistari miwili ni mmoja uliopewa majina mawili. Kanuni hiyo haivumilii hata kosa dogo. Daraja la Kigongo–Busisi, lililofunguliwa Juni 2025, lina urefu wa takriban kilometa 3 na upana wa mita 28.45. Tuseme mhimili wa x umelala juu ya ukingo wake mmoja kuanzia Kigongo, na ukingo wa pili, ulioanza mita 28.45 kando, umekosewa na kuelekea kwa mwenzake kwa mteremko wa −0.01 badala ya sifuri, kosa ambalo kwenye karatasi ya daftari jicho halilioni. Ukigawanya 28.45 kwa 0.01 utaona kwamba kingo hizo zingekutana baada ya mita 2,845, gari likiwa bado juu ya daraja.

Pembe mraba ndiyo yenye utamu. Chukua kipande cha boksi ukate pembetatu yenye pembe mraba, upande wa kulala ukiwa sentimeta 4 na upande wa kusimama sentimeta 3, huo wa kusimama ukiwa kulia. Ilaze juu ya meza: upande mrefu wa tatu unapanda kutoka ncha ya kushoto kwa mteremko wa 3/4, sawasawa na ufuko wetu. Sasa bana ile ncha ya kushoto kwa kidole, kisha izungushe pembetatu robo mzunguko, kinyume cha mwendo wa saa. Upande wa 4 uliokuwa umelala sasa umesimama. Upande wa 3 uliokuwa umesimama sasa umelala, lakini umelala ukielekea kushoto. Kutoka kwenye kidole chako, yule aliyekuwa akienda 4 na kupanda 3 sasa anapanda 4 na kwenda 3 nyuma, yaani −3. Mteremko mpya ni 4 gawanya kwa −3, ambao ni −4/3, na 3/4 ikizidishwa kwa −4/3 hutoa −1.

Tazama kwamba yametokea mambo mawili kwa mpigo mmoja. Kwenda na kupanda vimebadilishana nafasi, ndiyo maana sehemu imepinduliwa, na kimojawapo kimegeuka uelekeo, ndiyo maana pameingia alama ya hasi. Kupinduliwa peke yake kungetoa zao, yaani jibu la kuzidisha, la 1, na ile hasi ya kugeuka ndiyo inayolifanya kuwa −1. Wala hakuna kilichotegemea 3 na 4, kwani pembetatu ya boksi ya vipimo vyovyote ingezunguka vivyo hivyo. Mwanafunzi anayekosea hapa kwa kawaida hukumbuka jambo moja na kusahau jingine. Huandika 4/3, akisahau kwamba mistari miwili ambayo yote inapanda kuelekea kulia hubanana ndani ya robo moja ya duara na kamwe haiwezi kufikisha nyuzi 90 kati yake. Au huandika −3/4, ambayo ni taswira ya mstari wa kwanza kama ionekanavyo kwenye kioo, na hiyo nayo si pembe mraba.

Kwa asiyeridhika na boksi, kanuni ya Pythagoras inatoa uthibitisho usio na mkasi. Chora mistari miwili kutoka (0, 0), mmoja wenye mteremko m na mwingine n. Kwenye x = 1, wa kwanza umefika (1, m) na wa pili (1, n). Vipande hivyo viwili, pamoja na kile kinachounganisha ncha zake, vinafanya pembetatu ambayo miraba ya pande zake ni 1 + m², 1 + n² na (m − n)². Pembe iliyoko (0, 0) ni mraba pale tu ambapo mbili za kwanza zikijumlishwa zinalingana na ya tatu, yaani 2 + m² + n² = m² − 2mn + n². Ondoa vinavyofanana pande zote mbili, unabaki na 2 = −2mn, kwa hiyo mn = −1. Na kwa kuwa kanuni ya Pythagoras inafanya kazi kwenda na kurudi, hata sisi tunaruhusiwa kurudi: tukikuta zao ni −1, tuna hakika pembe ni mraba bila kuipima.

Fundi mwashi anayeseti msingi hufanya jambo hilohilo kwa kamba na vigingi. Kutoka kwenye kigingi cha kona anaweka alama futi 3 juu ya kamba moja na futi 4 juu ya nyingine, kisha msaidizi wake anaisogeza kamba ya pili kidogokidogo mpaka tepu kati ya alama hizo isome futi 5 kamili. Ukimwambia kwamba amehakikisha zao la miteremko ni hasi moja atakushangaa, lakini ndicho alichokifanya.

Fundi huyohuyo, hata hivyo, ana kifaa kinachoiumbua kanuni yetu. Akining'iniza timazi kando ya ukuta na kulaza pimamaji juu ya tofali, amepata mistari miwili inayokatana kwa pembe mraba kuliko yote, na kanuni ya hasi moja haina la kusema juu yake. Mstari wa pimamaji una mteremko sifuri, kwa sababu haupandi. Mstari wa timazi hauna mteremko kabisa, kwa sababu hauendi kulia wala kushoto, na kupanda kwake hakuna cha kugawanywa nacho. Sifuri haiwezi kuzidishwa na kitu ambacho hakipo. Pembetatu ya boksi haitishwi na jambo hili, kwani mstari uliolala ukizungushwa robo mzunguko unasimama, basi. Ndiyo maana mimi huona ni afadhali mtu akumbuke mzunguko kuliko akariri zao. Ipo na tahadhari ya pili: kama mhimili wa x umepewa vizio vya kipimo kimoja na mhimili wa y vya kipimo kingine, hesabu itabaki sahihi lakini mchoro utaonyesha pembe iliyopinda, na hapo anayetumia jicho atabishana na anayetumia kalamu.

Turudi Kamanga. Kati ya njia zote za kutoka kwenye kona ya nyumba hadi kwenye mstari wa ufuko, fupi kuliko zote ni ile inayoukata mstari huo kwa pembe mraba, kwa sababu njia nyingine yoyote inakuwa upande mrefu wa pembetatu ambayo njia hiyo ni mmoja wa pande zake fupi. Mpimaji wa kwanza aliivuta tepu kuelekea kusini moja kwa moja, sambamba na uzio wa kiwanja. Kwenye x = 50, ufuko uko kwenye y = 37.5, na kutoka hapo hadi 100 ni mita 62.5. Namba ni sahihi, ila si umbali kutoka ziwani.

Wa pili alitumia mteremko. Ufuko una 3/4, kwa hiyo tepu lazima ifuate −4/3 ikipita kwenye (50, 100), na mlinganyo wake unaweza kuandikwa 4x + 3y = 500. Ufuko wenyewe ni 3x − 4y = 0. Ukiitatua kwa pamoja, unapata kwamba tepu inagusa maji kwenye (80, 60), lile jiwe la pili. Kutoka kwenye kona ni mita 30 mashariki na 40 kusini. 900 ukijumlisha 1,600 ni 2,500, na kipeuo chake cha pili ni 50.

Mpaka wa ule ukanda wa mita 60 ni mstari sambamba na ufuko, hivyo nao una mteremko wa 3/4. Kwa kuwa katika mteremko huu kila mita 50 za pembe mraba zinalingana na mita 62.5 za kwenda kaskazini, mita 60 zinalingana na 75, na mpaka ni y = ¾x + 75. Kona iliyoko (50, 100) ingepaswa kuwa na y ya 112.5 ili iguse mpaka huo. Mwenye kiwanja anaweza kuisogeza nyumba mita 12.5 kaskazini, lakini kama kila mita ya ardhi ina bei, aisogeze kwa kufuata mteremko wa −4/3: mita 6 magharibi na mita 8 kaskazini, ambazo kwa pamoja ni mita 10 tu za mwendo ulionyooka. Kigingi kipya kitakaa kwenye (44, 108).