Zima filta kabla hujanitumia klipu

Kazi yangu ni kutafuta waigizaji wa filamu na matangazo hapa Nairobi. Siku hizi klipu nyingi za odisheni zinanifikia zikiwa zimerekodiwa chumbani, Kayole au Rongai, kwa simu. Hilo halinisumbui. Shida ni kwamba chipukizi wengi hawajui simu imeshawaamulia mambo mangapi kabla hawajafungua mdomo.

Chukua filta ya kulainisha ngozi, ambayo kwenye baadhi ya simu huwa imewashwa tangu dukani. Inafuta chunusi, sawa, lakini inafuta pia mikunjo midogo ya chini ya macho na pembeni mwa mdomo, na uigizaji wa kamera unakaa hapo hapo. Jukwaani utapaza sauti ili wa kiti cha nyuma akusikie. Mbele ya lenzi, kope likicheza tu nimeshajua mhusika anadanganya. Kuna binti alinitumia onyesho la mama anayepokea habari za msiba. Sauti ilitetemeka vizuri mno, uso ukabaki laini kama yai. Nikamwomba azime filta arudie. Safari hii nikaona kidevu kikijikaza kuzuia kilio, na kumbe alikuwa akifanya hivyo tangu mwanzo.

Halafu mwanga. Ukikaa mbele ya ukuta mweupe, simu inaona weupe mwingi, inapunguza mwanga wa picha nzima, na uso mweusi unazama. Wengi hukimbilia poda ya kung'arisha. Ya nini? Gusa uso wako kwenye skrini, simu itapima mwanga hapo. Na usiishike mkononi: pua ikiwa karibu mno na lenzi inavimba. Iegemeze mahali, rudi hatua mbili, tumia kamera ya nyuma.

Si kwamba ukaribu ni kosa. Mwaka 2020, wakati wa korona, mchekeshaji Elsa Majimbo alijirekodi kwa simu hapa Nairobi akitafuna krispi, miwani midogo machoni, uso karibu kabisa na kamera, akijigamba kwamba hana hamu ya kumwona mtu yeyote. Ukaribu ule ulimfaa mhusika wake, mtu anayekucheka huku amejilaza kwake.

Lakini mhusika wa mtandaoni asikumeze. Kuna wanaotamba kwa Sheng TikTok, wakija kwangu wanageuka Kizungu cha puani. Nani kawaomba? Kama natafuta makanga wa matatu za Githurai, Sheng hiyo ndiyo niliyoifuata.

Kwa hiyo nitumie klipu mbili. Moja ya mhusika wako wa mtandaoni, vile unavyompenda. Nyingine simu ikiwa imelazwa kiubavu, bila filta: taja jina na urefu wako, geuka kulia, geuka kushoto, kisha niambie ulikula nini jana. Hiyo ya pili ndiyo ninayoifungua kwanza.