"Jambazi" katika nyaraka za Texas: namna ya kusoma mauaji ya Wamexico

Agosti 1915, ranchi ya Norias, kusini mwa Texas. Pichani wako askari wa Texas Rangers, kikosi cha ulinzi cha jimbo la Texas, juu ya farasi, na kamba zao za kukamatia ng'ombe zimefungwa kwenye maiti zilizolala mavumbini. Aliyeipiga ni Robert Runyon. Picha ilichapwa kuwa postikadi ikauzwa, na waliouawa wakaitwa majambazi. Mmoja wa waliopanda farasi ni kapteni J. Monroe Fox. Tutakutana naye tena.

Kundi la chuki likitajwa, wengi huwaza kofia za ncha za Ku Klux Klan. Klan ilikuwepo, lakini kwa Wamexico ilichelewa kufika. Iliundwa upya Georgia mwaka 1915, ikaingia El Paso mwaka 1921, na mwaka uliofuata watu wake wakashinda viti vya bodi ya shule. Oktoba 1977 ilirudi kwa tangazo la "doria" ya kulinda mpaka wa California na Mexico, doria iliyovuta zaidi kamera kuliko wanachama. Tarehe 3 Agosti 2019, mtu aliyeandika kwamba Texas "inavamiwa" na watu wenye asili ya Amerika ya Kilatini aliua watu 23 dukani El Paso. Hakuwa na kofia wala kadi ya uanachama. Alikuwa na neno tu, na neno lenyewe lilikuwa kuukuu.

Kwa hiyo anayetaka kuelewa historia hii asianze na orodha ya vikundi. Aanze na jinsi mauaji yalivyoandikwa.

Kwanza, "Mmexico" kwenye gazeti la Texas la 1915 hakuwa lazima mtu wa Mexico. Wengi walikuwa raia wa Marekani, waliozaliwa hapohapo. Kwa mkataba wa Guadalupe Hidalgo wa 1848, uliomaliza vita vya Marekani na Mexico, mpaka ndio uliohama, watu wakabaki walipokuwa. Mkataba uliwaahidi uraia na ulinzi wa mali zao, ila kifungu cha 10, kilichohusu ardhi walizopewa na serikali ya Mexico, Seneti ya Marekani ilikifuta kabla ya kuuridhia. Reli ilipofika Brownsville mwaka 1904 bei ya mashamba ikapanda, na mwenye shamba la zamani akageuka kikwazo.

Pili, idadi. Wanahistoria William Carrigan na Clive Webb wamethibitisha Wamexico 547 waliouawa na makundi ya watu kati ya 1848 na 1928. Ichukuliwe kama idadi ya chini kabisa, kwa sababu wamehesabu tu vifo vyenye ushahidi wa maandishi. Aliyepigwa risasi kichakani akaachwa hapo hakuingia popote. Orodha nyingi za zamani zilikuwa na safu mbili tu, weupe na weusi, na Mmexico akiwekwa kwenye weupe alipotea humo. Mauaji yaliyofanywa na askari nayo yalihesabiwa kuwa kazi ya sheria, si ya umati.

Tatu, maneno ya baada ya kifo. Magazeti yetu yana "wananchi wenye hasira kali". Mabaraza ya uchunguzi wa vifo ya Marekani yalikuwa na yao: marehemu amekufa mikononi mwa "watu wasiojulikana". Novemba 1910 huko Rocksprings, Antonio Rodríguez, kijana wa miaka 20, alitolewa jela akachomwa moto mbele ya umati. Jiji la Mexico lililipuka kwa maandamano. Rocksprings hakuna aliyehukumiwa.

Turudi 1915. Mashambulizi ya kuvuka mpaka yalikuwepo kweli, na Norias yenyewe ilishambuliwa na makumi ya wapiganaji. Ni kosa kuyaficha. Lakini kisasi hakikuchagua. Rangers na raia wenye silaha waliua mamia ya watu, na baadhi ya makadirio yanafika maelfu. Ukishaitwa jambazi, hakuna aliyeuliza ulikuwa wapi siku ya tukio.

Porvenir inaonyesha utaratibu wote. Kilikuwa kijiji cha wakulima na wafugaji kando ya mto Rio Grande. Siku ya Krismasi 1917 ranchi ya Brite ilivamiwa, na wanakijiji wakashukiwa. Usiku wa Januari 28, 1918, Rangers wa Kombania B, kombania ya Fox, walifika na wenye ranchi wanne pamoja na askari wa jeshi la farasi. Waliwatoa nje wanaume na wavulana 15, mdogo wao akiwa na miaka 16 na mkubwa 72, wakawapeleka penye mwamba karibu na kijiji wakawapiga risasi. Waliosalia, kama watu 140, walivuka mto, na maiti zikazikwa upande wa Mexico. Taarifa rasmi ilidai Rangers walishambuliwa gizani. Iliyoipinga ni ya mwalimu wa shule, Harry Warren, aliyeona maiti na kuandika majina, jina kwa jina. Gavana aliivunja kombania na kufukuza askari watano, Fox alijiuzulu. Hakuna aliyeshtakiwa.

Januari 1919 mbunge José T. Canales wa Brownsville, Mmexico pekee katika bunge la jimbo, aliwasilisha tuhuma 19 dhidi ya Rangers. Kabla ya hapo Ranger mmoja alikwisha kumtisha. Kikosi kilipunguzwa, lakini kumbukumbu za kikao cha kuchunguza tuhuma hizo, zaidi ya kurasa 1,600, hazikuchapishwa, zikakaa mbali na umma hadi miaka ya 1970. Kizazi kizima cha vitabu vya shule kiliandikwa bila kurasa hizo.

Askari wa jeshi walisema siku zote kwamba waliwasindikiza Rangers tu. Mwaka 2015 wanaakiolojia walichimba penye mwamba ule wa Porvenir. Miongoni mwa risasi na maganda waliyotoa kulikuwa na ya bunduki za kijeshi.